Ibrahim Sekagya: Mlinzi Aliyekamilisha Zamu

Jioni, jua linapoelekea kuzama nyuma ya milima ya Kongo, vijana wa Kizuka, katika eneo la Rumonge, hugawana timu kama wanavyogawana vijana wote wa mwambao wa Tanganyika. Ugomvi wa kwanza huwa ni juu ya nani atakayecheza mbele. Kila mmoja ataka kuwa mfungaji. Aliye mnene, au mgeni, au mdogo asiye na ndugu wa kumtetea, husukumwa nyuma na kuambiwa, "Wewe linda." Kazi ya ulinzi hutolewa kama adhabu. Ndugu askari na ndugu polisi, ninyi ambao kulinda ndiyo kazi yenu ya mchana na usiku, mtaniwia radhi nikisema kwamba jambo hili hunikera.

Kwa sababu hiyo nimeona yafaa leo kueleza habari za mwanakandanda mmoja wa Afrika Mashariki ambaye hakusukumwa nyuma na mtu yeyote, bali aliufanya ulinzi kuwa kazi yake ya maisha, akaifanya katika mabara manne, na watu wa nchi yake wakamkabidhi unahodha. Huyo ni Ibrahim Sekagya wa Uganda.

Sekagya alizaliwa Kampala tarehe 19 Desemba 1980. Katika ujana wake aliichezea State House, timu yenye jina la Ikulu, kisha KCC, klabu ya halmashauri ya jiji la Kampala. Hadi hapo habari yake ni sawa na za mamia ya vijana wengine. Wachezaji wetu wengi wa enzi ile, wakibahatika kutoka nje, walikwenda Uarabuni, Afrika Kusini, au Ubelgiji na Ufaransa. Sekagya alikwenda Argentina.

Msomaji na atulie kidogo hapa, maana jambo hili si dogo. Argentina ni nchi inayouza wachezaji duniani kote. Haina desturi ya kuwanunua kutoka Afrika. Kijana wa Kampala aliyefika huko mwanzoni mwa miaka ya 2000 alikuwa kama askari aliyepelekwa lindo la mbali, mahali ambapo hapana mtu wa kabila lake, hapana chakula cha kwao, na lugha ni ya Kihispania. Klabu yake ya kwanza huko ilikuwa Atlético de Rafaela, ya mji wa Rafaela katika mkoa wa Santa Fe, mbali na fahari ya mji mkuu. Baadaye alihamia Ferro Carril Oeste ya Buenos Aires, klabu iliyozaliwa miongoni mwa wafanyakazi wa reli, ambayo wakati huo ilikuwa imekwisha kuporomoka kutoka daraja la kwanza. Ndipo akafika Arsenal de Sarandí, timu ya daraja la kwanza, na huko akawa anakabiliana na washambuliaji ambao kesho yake huuzwa Ulaya.

Safari hiyo ilichukua miaka kadhaa, na haikuwa na ngazi ya mkato. Mshambuliaji anaweza kuja mjini leo, akafunga mabao mawili Jumapili, na Jumatatu magazeti yakamwita mfalme. Beki hana Jumapili kama hiyo. Yeye hujulikana kwa jumla ya siku ambazo hakuna lililotokea. Katika chuo cha maofisa kadeti tulifundishwa kwamba ripoti bora ya mlinzi wa zamu ni fupi kuliko zote: hali ni shwari. Hakuna anayepigiwa makofi kwa ripoti ya namna hiyo, ingawa kambi nzima imelala salama kwa ajili yake. Kazi ya beki wa kati ni kuandika ripoti hiyo kwa dakika 90, mara 30 au 40 kwa mwaka.

Tena kazi yenyewe haieleweki vizuri na watazamaji wetu. Wengi hushangilia beki anapojitupa chini na kuuondoa mpira kwa kishindo. Mara nyingi kishindo hicho ni dalili kwamba alikuwa amesimama mahali pabaya na sasa anajikomboa. Beki hodari hucheza kwa kichwa kabla ya mguu. Hutazama mpira na adui kwa pamoja. Husimama upande upande, si kifua wazi, ili aweze kugeuka. Akikutwa peke yake na washambuliaji wawili hakurupuki, bali hurudi nyuma taratibu, akimlazimisha mwenye mpira aelekee pembeni, hadi wenzake wawahi. Wapiganaji mtatambua mbinu hiyo mara moja: ni ile ya kikosi kidogo kinachomchelewesha adui ili kikosi kikubwa kijipange. Kisha kuna mstari wa kuotea. Walinzi wanne wakipanda pamoja, mshambuliaji aliyebaki nyuma yao hana faida. Akichelewa mmoja kwa hatua moja tu, mtego wote umevunjika. Kwa hiyo lazima awepo mtu wa kutoa amri, naye kwa kawaida ni beki wa kati, kwa kuwa uwanja wote uko mbele ya macho yake. Beki wa kati asiyesema na wenzake ni sawa na redio ya doria isiyo na betri. Sekagya ilimbidi atoe amri hizo kwa Kihispania, kisha katika nchi inayosema Kijerumani.

Nchi hiyo ni Austria. Mwaka 2007 alijiunga na Red Bull Salzburg, ambayo kocha wake alikuwa Mwitaliano Giovanni Trapattoni. Mwitaliano kumkubali mtu kuwa mlinzi ni cheti, kwa kuwa taifa lile huheshimu ulinzi kama sisi tunavyoheshimu wazee. Trapattoni aliondoka mwaka 2008, makocha wengine wakaja na kuondoka, naye Sekagya akabaki hadi 2013. Salzburg ilitwaa ubingwa wa Austria katika msimu wa 2008–09, wa 2009–10 na wa 2011–12, na mwaka 2012 ikaongeza kombe la nchi. Katika majira ya vuli ya 2009 klabu hiyo iliingia katika kundi moja na Lazio ya Italia, Villarreal ya Hispania na Levski Sofia ya Bulgaria kwenye Ligi ya Ulaya. Ilishinda mechi zote 6, nyumbani na ugenini, na katika mechi hizo 6 ilifungwa mabao 2 tu.

Majira hayo hayo, jirani ya Austria, nchi ndogo ya Slovenia, yenye watu wapatao milioni 2, ilikuwa inafanya ajabu yake. Katika mechi 10 za kundi la kufuzu Kombe la Dunia la 2010, lililokuwa na Slovakia, Poland na Jamhuri ya Cheki, lango lake lilifunguka mara 4 tu. Kisha ikapambana na Urusi: ilifungwa 2 kwa 1 huko Moscow, ikashinda 1 kwa 0 huko Maribor, na bao moja lililopatikana ugenini likaivusha hadi Afrika Kusini. Mmoja wa walinzi wake wa miaka ile, Boštjan Cesar, aliendelea hadi akafikisha mechi 101 za taifa kabla ya kustaafu mwaka 2018. Naitaja Slovenia kwa sababu nchi ndogo haina washambuliaji wa kuchezea. Hujenga boma kwanza.

Burundi nayo ni shahidi. Katika kufuzu Kombe la Mataifa ya Afrika la 2019, Intamba mu Rugamba walicheza mechi 6 dhidi ya Mali, Gabon na Sudan Kusini wasipoteze hata moja. Tarehe 23 Machi 2019, mjini Bujumbura, walihitaji sare tu mbele ya Gabon ya Pierre-Emerick Aubameyang. Cédric Amissi alifunga katika kipindi cha pili. Muda si mrefu mlinzi mmoja wa Burundi akajifunga, ikawa 1 kwa 1. Dakika zilizobaki zilikuwa za ulinzi mtupu, na ulinzi ule ndio uliowafikisha kwenye fainali hizo kwa mara ya kwanza katika historia. Huko Misri walifungwa 1 kwa 0 na Nigeria, 1 kwa 0 na Madagascar, na 2 kwa 0 na Guinea. Mabao 4 katika mechi 3 si aibu kwa walinzi. Waliokosa bao hata moja walikuwa wale wa mbele, wale ambao kila kijana wa Kizuka ataka kuwa.

Turudi kwa Sekagya, maana jambo lililomuuma zaidi lilikuwa la namna hiyo hiyo.

Uganda ilikuwa imefika fainali za Mataifa ya Afrika mwaka 1978 huko Ghana, ikacheza hadi mchezo wa mwisho na kufungwa na wenyeji 2 kwa 0. Baada ya hapo, miaka ikapita. Sekagya alivaa kitambaa cha unahodha akiwa na deni hilo mabegani. Mwezi Juni 2007 Uganda iliifunga Nigeria 2 kwa 1 mjini Kampala, watu wakalala barabarani kwa furaha, lakini ikamaliza ya pili nyuma ya Nigeria hiyo hiyo na nafasi ikaponyoka. Mwaka 2010 ikaanza safari nyingine, katika kundi lenye Angola, Kenya na Guinea-Bissau. Angola ilipigwa 3 kwa 0 Kampala. Kenya ilitoka sare ya 0 kwa 0 Nairobi. Guinea-Bissau ilishindwa kwao 1 kwa 0, na tena Kampala 2 kwa 0. Huko Luanda, Septemba 2011, Angola ikalipiza 2 kwa 0.

Siku ya mwisho ilikuwa tarehe 8 Oktoba 2011, katika uwanja wa Namboole, dhidi ya Kenya. Uganda ilikuwa na pointi 10, Angola 9. Ushindi wa bao moja ungetosha bila kuuliza habari za mahali pengine. Uwanja ulijaa. Uganda ilishambulia, na lango la Kenya halikufunguka. Mchezo ukaisha 0 kwa 0. Siku hiyo hiyo Angola iliifunga Guinea-Bissau ugenini 2 kwa 0, ikafikisha pointi 12. Uganda ikabaki na 11.

Tazama sasa hesabu hii. Angola, iliyofuzu, ilifungwa mabao 5 katika mechi zake 6. Uganda, iliyobaki nyumbani, ilifungwa mabao 2, yote mawili Luanda. Katika uwanja wake haikuruhusu hata bao moja. Kwa kipimo cha lindo, zamu ilikuwa imekamilika na ripoti ilikuwa safi. Baada ya hapo nahodha alistaafu timu ya taifa, bila ya kucheza hata dakika moja ya fainali za Mataifa ya Afrika. Wapo waliosema kwamba kizazi chake kilishindwa. Mimi nadhani waliosema hivyo walitazama ubao wa pointi wasitazame nani alikuwa amesimama wapi.

Klabuni aliendelea. Katikati ya mwaka 2013 alivuka bahari tena na kujiunga na New York Red Bulls ya Marekani, akicheza na Thierry Henry. Klabu hiyo ilikuwa haijapata kutwaa taji kubwa tangu kuanzishwa kwake. Tarehe 27 Oktoba 2013, siku ya mwisho ya msimu, ilihitaji kuifunga Chicago Fire ili itwae ngao ya timu yenye pointi nyingi kuliko zote. Chicago ikatangulia kufunga. Henry akasawazisha. Bao la pili, lililoiweka New York mbele, lilifungwa mwanzoni mwa kipindi cha pili na beki wa kati, Mganda, mwenye umri wa miaka 32. Mchezo ukaisha 5 kwa 2. Nakiri kwamba nilipoisoma habari hiyo nilicheka peke yangu: mtu aliyekosa bao moja la wenzake kule Namboole alilileta mwenyewe New Jersey. Mwaka uliofuata ulikuwa wa mwisho kwake uwanjani. Akaingia kwenye ukocha katika klabu hiyo hiyo, na baadaye akaifundisha timu yake ya pili, ile ya vijana wanaopanda.

Nayo Uganda? Ilianza tena mwaka 2015, katika kundi la Burkina Faso, Botswana na Comoro. Ilifunga mabao 6 na kufungwa 2, hesabu ile ile ya mwaka 2011, bao kwa bao. Siku ya mwisho ilikuwa tarehe 4 Septemba 2016, katika uwanja ule ule wa Namboole, na safari hii lango la wageni lilifunguka mara moja, kwa mguu wa Farouk Miya, katika kipindi cha kwanza. Ikawa 1 kwa 0, pointi 13, na tiketi ya Gabon mwaka 2017, baada ya miaka 39. Nyuma, lango la Uganda lilibaki limefungwa hadi filimbi ya mwisho, na siku hiyo wengi katika uwanja hawakuwa na haja ya kuligeukia.