Shujaa Akisema Kitamil: Namna Sinema za Tendi Zinavyotiwa Sauti

Waswahili husema penye nia pana njia. Mimi nia sikuwa nayo, nilisukumwa na nyanya yangu. Likizo ya Agosti binamu yangu alileta nyumbani Baahubali, sinema ya Kihindi ya mwaka 2015 yenye wafalme, maporomoko ya maji yanayogusa mawingu na vita vya maelfu ya askari. Sauti zilikuwa za Kitamil. Chini ya picha palikuwa na maandishi ya Kiingereza, nayo yalipita mbio kama matatu za asubuhi. Nyanya hakusomea Kiingereza. Dakika tano hazijaisha akanigeukia: "Wee, wanasema nini hao?"

Basi nikaketi karibu na sikio lake nikawa natafsiri. Tangu siku hiyo nilianza kuuliza kazi hii hufanywaje na wenye kuijua, maana mimi nilikuwa nahema kama mtu aliyepanda mlima.

Kwanza tuondoe kosa moja. Wengi wetu tukiona sinema ya huko tunasema tu "ya Kihindi." La hasha! India ina lugha nyingi. Kitamil ni lugha ya jimbo la Tamil Nadu, kusini kabisa, ambalo mji wake mkuu ni Chennai (zamani Madras, jina lilibadilishwa mwaka 1996). Pia husemwa Sri Lanka, Singapore na Malaysia, na wasemaji wake wapita milioni 70. Kihindi ni lugha ya kaskazini, na mwaka 1965 watu wa Tamil Nadu waliandamana kwa hasira kubwa kukataa kuletewa Kihindi kwa lazima. Kwa hivyo ukitaka Mtamil aione sinema yako kwa raha, usimpelekee Kihindi. Mtilie sauti ya kwao.

Tena hawa ni watu wanaopenda maneno ya sinema kupita kiasi. M. Karunanidhi, aliyeandika mazungumzo ya sinema Parasakthi ya mwaka 1952, alikuja kuwa Waziri Kiongozi wa jimbo mwaka 1969. Hebu fikiria mtunzi wa maneno ya sinema akawa mkuu wa jimbo! Sentensi kali ya shujaa ikitoka leo jioni, kesho wavulana wanaisema kwenye kituo cha basi. Kwa sababu hiyo mtafsiri hawezi kuleta maneno baridi kama chai ya jana.

Kutia sauti si jambo geni kwao. Mwaka 1944 sinema ya Harishchandra, iliyokuwa kwa lugha ya Kikannada, ilitiwa sauti za Kitamil, nayo ni miongoni mwa za mwanzo kabisa nchini India. Njia nyingine ni kupiga sinema mara mbili. Maya Bazaar ya mwaka 1957, yenye miujiza na majitu kutoka masimulizi ya Mahabharata, ilitengenezwa kwa Kitelugu na kwa Kitamil pia. Baahubali ya mwongozaji S. S. Rajamouli ilifuata njia hiyo hiyo, yaani Kitelugu na Kitamil, halafu Kihindi na Kimalayalam zikatiwa sauti baadaye.

Sasa kazi yenyewe. Mtafsiri hutazama kipande kidogo cha picha mara nyingi. Huhesabu silabi, kwa sababu mdomo wa mwigizaji ukifunga, sauti nayo lazima inyamaze. Kisha hutazama midomo. Sauti p, b na m hufunga midomo, na mtazamaji huona. Mwigizaji akifunga midomo huku sauti inasema "aa", hata mtoto atacheka. Mwenye sauti naye husimama mbele ya kipaza sauti, vidude masikioni, picha mbele yake, na kurudia kipande hicho mpaka kikubali. Ngoma, muziki na vishindo vya panga viko kando katika mkanda wao, haviguswi.

Kwa Kiingereza tabu huzidi, kwa kuwa Kitamil huweka kitenzi mwisho wa sentensi. "Mimi nakunywa maziwa" kwao ni naan paal kudikkiren, yaani "mimi maziwa nakunywa." Mwingereza anapiga kelele "Kill" mwanzoni mwa sentensi na upanga unashuka, ilhali Mtamil neno la kuua bado liko njiani! Hapo mtafsiri hana budi kuipindua sentensi nzima. Na hapa, wanachama wenzangu, nilipata kitu cha kumfurahisha mwalimu wetu wa sarufi. Tazama kudi-kkir-en: kunywa, wakati, mimi. Sasa tazama letu ni-na-kunywa: mimi, wakati, kunywa. Ni neno moja lililotazamwa kwenye kioo. Kitamil na Kiswahili hazina ujamaa wowote, lakini zote mbili hujenga sentensi ndani ya kitenzi, sisi tukianzia mbele, wao nyuma.

Maandishi yao nayo ni vituko. Herufi moja husimamia p na b. Ndiyo maana jina Baahubali wao huliandika kwa herufi ambazo mgeni angezisoma "Pakupali." Wenyewe hawababaiki.

Jambo gumu zaidi, kwa maoni yangu, ni kuchagua ni Kitamil gani. Kitamil cha kuandikwa na cha kusemwa vimeachana mbali. Kitabuni "iko" ni irukkiradhu, nyumbani ni irukku. Ukimpa mfalme irukku, atasikika kama muuza mboga. Ukimpa mvulana wa Chennai irukkiradhu, atasikika kama kitabu kilichopata miguu. Kwa hivyo katika sinema za wafalme maneno huwa ya fasihi, mazito, na katika sinema nyingi za Marekani zilizotiwa sauti utani wa mtaani huruhusiwa. Si kama sisi? DJ Afro anaposimulia sinema kwa Kiswahili kilichochanganywa na Sheng, watu hufurahi, lakini sidhani kama wangependa kumsikia malkia mwenye taji akisema "niaje."

Aliyeandika maneno ya Kitamil ya Baahubali ni Madhan Karky. Huyu bwana alifanya zaidi ya kutafsiri. Kuna kabila katili katika sinema hiyo, Kalakeya, na yeye aliwabunia lugha yao, Kiliki, yenye maneno kama 750 na kanuni 40 za sarufi. Lugha hiyo haitafsiriwi kamwe. Iwe Kitamil, iwe Kihindi, wale jamaa hubaki na Kiliki chao, na kila mtu anaogopa sawasawa. Nyanya aliniuliza hao wanasema nini, nikamjibu hata Watamil hawajui. Alifurahi sana.

Nasi Kiswahili tumewafikia. The Lion King ya mwaka 2019 ilitiwa sauti za Kitamil, na mwigizaji Siddharth ndiye aliyekuwa sauti ya Simba. Jina likabaki Simba. Kwa Kitamil simba ni singam, na kwa Kitelugu simham, karibu kabisa na letu, ingawa hiyo ni bahati tu: lao lina asili ya Kisanskriti, letu la Kibantu.

Mwenzangu mmoja darasani alisema kutia sauti ni kwa wasiojua kusoma, na kwamba sauti ya mwigizaji mwenyewe hupotea. La pili nakubali, hupotea kweli. La kwanza sikubali. Jicho likisoma chini, juu halioni. Nyanya aliuona mkono wa malkia Sivagami ukitetemeka. Mimi niliyekuwa nasoma sikuuona mpaka aliponionyesha.

Tulipopata sehemu ya pili, ya mwaka 2017, mwana wa mfalme alimwita Kattappa, yule askari mzee mtumwa, "mama!" Nyanya akashtuka: "Mama? Na ndevu zote hizo?" Kumbe kwa Kitamil maama ni mjomba. Nikasema "mjomba," akatulia.

Lililonishinda ni lile la heshima. Kitamil kina "wewe" mbili: nee kwa rafiki au mdogo wako, neengal kwa mkubwa. Mtu akihama kutoka neengal kwenda nee mbele ya watu, ni kama kofi. Kiswahili "wewe" ni moja tu. Nilijaribu "mheshimiwa" halafu "wee," lakini nyanya alisema "wee" yake yeye ni ya mapenzi, si ya matusi. Bado natafuta neno.