Kwa Nini Sanamu Hutisha? Kutoka Shamba la Mtama hadi Mchezo wa Kompyuta

Mtama unapoanza kutia punje katika mashamba ya Bahi, Chamwino na Kongwa, mkulima wa Ugogo huingia vitani na ndege. Silaha zake ni za kale: dungu la kukalia mlinzi, kombeo, debe la kugonga, na sanamu ya mtu iliyofungwa kwa miti miwili na kuvishwa shati kuukuu. Sanamu hiyo haina macho, wala haina mkono wa kurushia jiwe. Lakini imesimamishwa pale ili ifanye kazi moja ya mtu, nayo ni kutisha.

Katika mji wa Dodoma, kijana mwenye simu au kompyuta aweza kukutana na sanamu ya namna nyingine. Huyu ni mwanasesere wa maonyesho, mwenye tabasamu pana lisilobadilika na macho ya kioo, ambaye katika mchezo wa kompyuta humwandama mchezaji gizani. Kijana ajua kabisa kwamba mbele yake pana picha tu, iliyotengenezwa kwa hesabu. Hata hivyo moyo humwenda mbio na viganja vyake hutoka jasho.

Sanamu hizi mbili zaonekana kuwa mbali sana, lakini swali la kisayansi linalozihusu ni moja. Ni kwa sababu gani kitu kisicho na uhai huweza kumtisha kiumbe chenye uhai? Na kwa nini hofu hiyo pengine hudumu, na pengine hutoweka baada ya siku chache?

Ndege hujifunza

Adui mkubwa wa nafaka ndogo katika uwanda wa kati wa Tanzania ni kwelea kwelea, ambaye jina lake la kisayansi ni Quelea quelea. Uzito wake ni gramu 20 hivi tu, lakini ndege mmoja huweza kuharibu kiasi cha gramu 10 za nafaka kwa siku. Kwa hiyo kundi la ndege milioni moja, ambalo si kundi la ajabu kwa jamii hiyo, laweza kuangamiza tani 10 kati ya mawio na machweo.

Kundi linapoliona shamba kwa mara ya kwanza, umbo lililosimama wima na kunyoosha mikono hulitia mashaka, nalo hutua mbali. Kesho yake ndege wachache hujongea. Baada ya siku kadhaa waweza kuonekana wakipumzika juu ya kichwa cha sanamu yenyewe. Wataalamu wa tabia za wanyama huita badiliko hilo mazoea, yaani kupungua kwa mwitikio wa mnyama kwa ishara inayorudiwa mara nyingi bila kuleta madhara yoyote.

Yafaa ieleweke kwamba mazoea si upumbavu wa ndege, bali ni hesabu nzuri ya maisha. Ndege anayekimbia kila kitu hapati muda wa kula, naye atakufa kwa njaa. Ndege asiyekimbia chochote ataliwa na kipanga. Anayesalia ni yule anayeogopa kwanza, akachunguza, kisha akaacha kuogopa lile ambalo limethibitika kuwa halina hatari. Kwa sababu hiyo wakulima hushauriwa kuihamisha sanamu mara kwa mara, kuibadilisha mavazi, na kumweka mlinzi wa kweli aliyevaa nguo kama zake. Ndege aliyekwisha kurushiwa jiwe na shati jekundu haliamini tena shati jekundu.

Jambo hili si dogo. Katika vijiji vingi kazi ya kuamia ndege huwaangukia watoto, na kila asubuhi inayotumika juu ya dungu hupunguzwa katika masaa ya darasani. Sanamu inayotisha kweli ingekuwa msaada kwa ghala na kwa shule pia.

Simba wa manyoya ya bandia

Mfano mwingine mashuhuri wa sanamu na mnyama umetoka papa hapa Tanzania, katika mbuga za Serengeti. Mwaka 2002 watafiti Peyton West na Craig Packer, wa Chuo Kikuu cha Minnesota nchini Marekani, walitangaza katika jarida la Science matokeo ya majaribio yao juu ya manyoya ya shingo ya simba dume. Walitumia masimba ya bandia yenye ukubwa wa simba halisi, ambayo manyoya yake yaliweza kubadilishwa: mafupi au marefu, ya rangi nyepesi au ya rangi nyeusi.

Simba wa kweli waliikabili mifano hiyo kama wageni walioingia katika himaya yao. Madume yalielekea kumkaribia mgeni mwenye manyoya mafupi au ya rangi nyepesi, na kumwepuka mwenye manyoya marefu au meusi. Majike, kinyume chake, yalivutwa na weusi. Funzo la jaribio hilo ni kwamba mnyama hahitaji kukiona kitu kizima katika ukamilifu wake ndipo aitikie. Akili yake huchagua ishara chache zenye maana kubwa, na anayezijua ishara hizo aweza kuunda kitu cha bandia kitakachoiamsha hofu au shauku halisi.

Bonde la wasiwasi

Je, ni ishara zipi zinazomgusa binadamu? Ya kwanza ni uso, hasa macho. Ya pili ni mwendo. Mwaka 1973 mwanasaikolojia Gunnar Johansson wa Uswidi alionyesha kwamba taa ndogo chache zikifungwa kwenye viungo vya mtu anayetembea gizani, watazamaji humtambua kuwa ni mtu karibu mara moja, ingawa hawaoni mwili wake hata kidogo. Binadamu, basi, ni hodari mno katika kumtambua binadamu mwenziwe.

Uhodari huo ndio unaozaa taabu. Mwaka 1970 Masahiro Mori, profesa wa uhandisi katika mji wa Tokyo, aliandika makala fupi juu ya roboti. Alidai kwamba kadiri roboti inavyozidi kufanana na mtu ndivyo watu wanavyozidi kuipenda. Lakini inapokaribia kufanana kabisa, huku ikibakiza kasoro chache, upendo huo huporomoka ghafla na kuwa karaha. Kisha, mfanano ukikamilika, upendo hupanda tena. Mchoro wa maelezo hayo una shimo katikati, nalo Mori aliliita kwa Kijapani bukimi no tani, yaani bonde la wasiwasi. Aliongeza kwamba sanamu ikianza kujongea bonde huwa refu zaidi. Mkono wa bandia ulio kimya mezani hushangaza. Ukikunja vidole, hutisha.

Mori hakuwa na vipimo. Yake yalikuwa mawazo ya mhandisi. Tangu hapo wengi wamejaribu kuyapima, na matokeo hayakulingana nyakati zote. Hata hivyo yapo yanayostahili kuangaliwa. Mwaka 2009 Shawn Steckenfinger na Asif Ghazanfar wa Chuo Kikuu cha Princeton waliwaonyesha nyani wa jamii ya makaki picha za nyuso za nyani: za kweli, za kuchorwa kwa kompyuta bila uhalisi, na za kuchorwa kwa uhalisi mkubwa. Nyani walizitazama kwa muda mfupi zaidi zile za mwisho, kana kwamba ziliwakera. Mnamo mwaka 2011 Ayşe Pınar Saygın na wenzake walichunguza ubongo wa watu waliotazama mtu, roboti yenye sura ya chuma, na roboti yenye sura ya mtu. Ubongo uliitikia kwa namna ya pekee pale tu sura ya mtu ilipochanganyika na mwendo wa mashine.

Maelezo yanayokubaliwa na wengi ni haya. Ubongo haungoji mambo yatokee, huyatabiri. Ukiona uso wa mtu, hutazamia mwendo wa mtu, kupepesa kwa macho na kubadilika kwa mashavu. Sanamu yenye uso wa mtu huuahidi ubongo yote hayo, kisha haitimizi ahadi. Hapo swali hubaki wazi: je, hiki ni kitu au ni nafsi?

Swali lisilojibiwa

Uwazi wa swali hilo ndio kiini cha hofu. Mwaka 2016 Frank McAndrew na Sara Koehnke wa Marekani walichapisha matokeo ya maswali waliyowauliza watu 1,341 kuhusu mambo yanayowatia kiwewe. Kati ya kazi zote zilizotajwa, iliyoonekana kuwa ya kutia kiwewe kuliko nyingine ilikuwa ya mchekeshaji wa sarakasi, yule anayejipaka rangi usoni. Watafiti hao waliona kwamba kiwewe si sawa na woga. Mtu akimwona simba hukimbia, kwa sababu jibu lipo. Kiwewe humshika pale asipoweza kuamua kama hatari ipo au haipo. Mchekeshaji amechorwa tabasamu. Hali ya moyo wake haisomeki.

Watengenezaji wa michezo ya kompyuta waliligundua jambo hili kwa vitendo. Katika mchezo uitwao Five Nights at Freddy's, uliotolewa na Mmarekani Scott Cawthon mwaka 2014, mchezaji ni mlinzi wa usiku katika mkahawa wenye wanasesere wa mitambo wa kuwaburudisha watoto. Kwa kawaida hawaoni wakitembea. Akitazama kamera, huwakuta wamekwisha kuhama. Katika Little Nightmares II, uliotolewa mwaka 2021 na kampuni ya Tarsier ya Uswidi, sanamu za hospitalini husimama tuli zikimulikwa tochi, nazo hujongea giza linaporudi. Mbinu katika michezo yote miwili ni ile ile: kumnyima mchezaji ushahidi. Na hapa ndipo mtengenezaji wa mchezo anapomshinda mkulima, kwa kuwa sanamu yake haikai mahali pamoja hata ikazoeleka.

Sanamu katika uwanja wa ngoma

Isidhaniwe, hata hivyo, kwamba kila sanamu ya mtu inayojongea hutisha. Kaskazini ya uwanda wa kati, katika Usukuma, vyama vya ngoma vya Bagika na Bagalu hushindana baada ya mavuno, na mshindi ni yule anayevuta watazamaji wengi zaidi. Miongoni mwa mbinu zao za tangu zamani ni sanamu za watu zilizochongwa kwa mti, nyingine zikiwa na viungo vya kuchezeshwa. Viungo hivyo ni vya bandia sawasawa na vya mwanasesere wa kompyuta, lakini hapa watu husogea karibu badala ya kukimbia.

Tofauti haiko katika mti wala katika rangi. Katika uwanja wa ngoma sanamu huchezeshwa mchana, mbele ya umati, na watu wanaojulikana. Swali la nani anayeijongeza lina jibu, na jibu likipatikana mshangao hugeuka kicheko.

Mithali katika mizani

Wazee husema kwamba kinyago ulichokichonga mwenyewe hakikutishi. Kwa mwalimu wa sayansi, mithali hiyo ni dhana inayoweza kupimwa. Mwanafunzi anayehangaishwa usiku na mwanasesere wa mchezoni hasaidiwi kwa kuambiwa kuwa ameona shetani, wala kwa kuchekwa. Husaidiwa zaidi akifundishwa jinsi kitu hicho kilivyojengwa: ni ishara gani zilizochaguliwa, na ni ushahidi gani uliofichwa. Mchezo unaomzidi umri mtoto bado hapana budi kuwekwa kando, lakini hofu iliyoelezwa hubebeka kuliko hofu iliyokatazwa tu.

Jaribio jepesi laweza kufanywa katika shamba la shule. Ziandaliwe sahani tatu zenye gramu 100 za uwele kila moja, na ziwekwe mbali mbali. Ya kwanza iwe karibu na sanamu isiyohamishwa. Ya pili karibu na sanamu inayohamishwa na kubadilishwa nguo kila siku. Ya tatu isiwe na sanamu, ili iwe ya kulinganishia. Baada ya saa moja ya asubuhi nafaka iliyobaki ipimwe kwa mizani ya maabara, na kazi hiyo irudiwe kwa siku 10. Matokeo yachorwe katika grafu, siku zikiwa chini na gramu zikiwa kando.

Mistari mitatu ya grafu hiyo itaonyesha siku ambayo ndege waliacha kuamini. Darasa likiweza kuisogeza mbele siku hiyo, hata kwa juma moja tu mtama unapokomaa, litakuwa limemrudisha mtoto mmoja kutoka dunguni hadi shuleni.