Poda ni ya Kuzima Mng'ao, Si ya Kubadili Rangi

(Mazungumzo ya wiki, kama yalivyosikika redioni)

NDUGU wasikilizaji, kazi yetu ya redio ina raha yake. Mtangazaji haonekani. Unaweza kuingia studio na jasho lako la daladala, nywele zimekaa upande, na msikilizaji asijue lolote, mradi sauti iko sawa. Kwa hiyo najua wapo watakaouliza: huyu naye mambo ya poda ameyajulia wapi?

Nimeyajulia kwenye picha moja. Miaka michache iliyopita binti wa dada yangu, ambaye kwa desturi zetu ni mwanangu, alifanyiwa sherehe ya kuagwa, ile tunayoiita sendofu, hapa hapa Dar es Salaam. Alipelekwa saluni mapema mchana. Alipotoka, sote tulipiga vigelegele, kwani chini ya zile taa za saluni alipendeza kweli. Picha zilipokuja tukanyamaza. Uso ulikuwa wa kijivu, kama wa mtu aliyechungulia ndani ya gunia la unga, na shingo ilikuwa ya maji ya kunde, rangi yake aliyozaliwa nayo. Katika picha mojawapo amemshika mkono bibi yake, yaani mama yangu mzazi. Mama alifariki mwaka ule ule. Hiyo ndiyo picha yao ya mwisho pamoja, na ipo ukutani sebuleni kwa dada yangu. Mama namwona kama alivyokuwa. Mjukuu wake simtambui.

Nilimwendea mpiga picha nikiwa na hasira. Akanijibu kwa upole, "Mama, kamera yangu haina kosa. Imeonyesha kilichopakwa." Basi nikaanza kuuliza wapambaji wenye uzoefu na kusoma, na leo nataka tuelezane nilichojifunza kuhusu poda ya unga, ile isiyogandamizwa, inayouzwa ndani ya kikopo.

Kwanza tujue kazi yake. Ngozi ya uso hutoa mafuta, na katika joto letu la pwani huongezeka jasho. Mafuta hayo yakitanda juu ya ngozi, mwanga ukiyapiga hurudi moja kwa moja kama unavyorudi kwenye kioo. Huo ndio mng'ao tunaouona kwenye paji la uso na pua. Chembe ndogo za poda hufanya mambo mawili. Hufyonza sehemu ya mafuta, na hutawanya mwanga pande nyingi badala ya kuuacha urudi pamoja. Kwa sababu hiyo uso huonekana laini, na hata vinyweleo havionekani sana. Zaidi ya hapo, poda hushikilia faundesheni isihame. Kazi yake inaishia hapo. Kubadili rangi ya mtu hakumo.

Sasa, ndani ya kikopo mna nini? Poda nyingi hutengenezwa kwa talki, jiwe laini kuliko madini yote yanayojulikana, ambalo husagika kuwa vipande bapa vinavyoteleza. Nyingine hutiwa wanga wa mahindi au wa mchele, na nyingine silika. Vitu hivi vyote, vikiwa unga, ni vyeupe. Ili poda ipate rangi ya ngozi hutiwa oksidi za chuma, za njano, nyekundu na nyeusi, jamaa wa ile kutu tunayoiona kwenye mabati. Poda ikitiwa rangi hizo kidogo mno, au ikikosa kabisa, huwa inafaa ngozi nyeupe. Juu ya ngozi yetu huacha ukungu wa kijivu.

Hapo ndipo wengi tunaponaswa, hasa na ile poda wanayoiita isiyo na rangi. Muuzaji atakwambia inamfaa kila mtu. Fungua kikopo utazame: ukiona unga mweupe, basi jua kwamba kwenye ngozi nyeusi, ukizidisha kidogo tu, weupe ule utabaki juu. Na taa ya kamera huufichua zaidi. Silika, pamoja na dioksidi ya titani, ambayo ndiyo weupe unaotiwa hata katika rangi za nyumba, hurudisha ule mwanga wa ghafla wa kamera. Kwenye kioo cha saluni huoni kitu. Kamera ikimulika, uso unakuwa wa majivu. Ndivyo ilivyomkuta binti yetu.

Ndugu wasikilizaji, suala hili la rangi si geni. Kwa miaka mingi viwanda vikubwa vya vipodozi vilitengeneza poda kana kwamba dunia nzima ina ngozi moja. Kule Marekani, Mmarekani Mweusi aitwaye Anthony Overton alianzisha kampuni mwaka 1898 katika jimbo la Kansas, kisha akaihamishia Chicago mwaka 1911, na bidhaa iliyompatia jina ilikuwa poda ya uso ya High Brown, iliyotengenezwa kwa ajili ya wanawake weusi. Mwaka 1994 Iman, mwanamitindo mzaliwa wa Somalia, alianzisha vipodozi vyake kwa sababu alijua shida ya kukosa rangi yake mwenyewe. Mwaka 2017 mwanamuziki Rihanna alileta Fenty Beauty na faundesheni za rangi 40 kwa mpigo, na kampuni nyingine zikajikuta zinaulizwa rangi zao ziko wapi. Kwa hiyo leo poda ya rangi yako ipo. Sababu ya kujipaka rangi ya mwingine imepungua sana.

Tatizo ni kwamba wengine wetu tunaifuata rangi ya mwingine kwa hiari. Dada anaingia dukani, anaoneshwa poda inayolingana naye, anasema, "Nipe iliyo juu kidogo ya hii." Anataka ang'ae. Lakini poda iliyo nyeupe kuliko ngozi humfanya aonekane mgonjwa, tena humwachia mpaka unaoonekana shingoni. Ukitaka kujua rangi yako, usijaribu mgongoni mwa kiganja, wala usiamini taa za dukani. Paka kidogo kwenye taya, karibu na shingo, kisha toka nje ujitazame kwenye mwanga wa mchana. Poda inayokufaa ni ile ambayo ukiipaka huioni ilipo.

Haya, tuje kwenye upakaji wenyewe. Wahenga walisema ukiona vyaelea, vimeundwa. Uso unaoonekana laini hadi saa nne usiku umeandaliwa tangu mwanzo.

Osha uso, paka mafuta au losheni yako, kisha subiri dakika chache ngozi inywe. Poda ikikuta ngozi bado mbichi hushika kwa mabaka, na mabaka hayo hayasawazishiki tena mpaka unawe. Kama unapaka faundesheni, paka tabaka jembamba, halafu ipe nafasi itulie. Kisha chukua karatasi ya tishu, iweke usoni bila kusugua, ubonyeze kwa viganja. Tishu itachukua mafuta ya ziada. Hatua hii watu wengi huiruka, na bila hiyo utalazimika kutumia poda mara mbili.

Sasa mimina poda kidogo kwenye kifuniko, kiasi cha kujaza ncha ya kijiko cha chai. Usichovye pafu ndani ya kikopo. Bonyeza pafu kwenye ile poda, likunje mara mbili ulifikiche ili unga uingie ndani ya nyuzi zake, kisha likung'ute. Pafu lililo tayari halimwagi unga ukilipuliza.

Anza na sehemu zenye mafuta: paji la uso, pua na pembeni mwake, halafu kidevu. Bonyeza pafu kwenye ngozi, libingirishe kidogo, liinue, usogee mbele. Usisugue! Ukisugua unaiondoa faundesheni uliyoipaka kwa taabu, na unaacha michirizi. Mashavu yapewe kile kinachobaki kwenye pafu, kwa sababu hayana mafuta mengi, na uhai wa uso unaonekana hapo. Uso uliozimwa kila mahali hufanana na kinyago.

Chini ya macho pana mambo yake. Ngozi ya hapo ni nyembamba na hujikunja kila ukicheka. Kabla ya poda, laza mikunjo kwa ncha ya kidole, kisha bonyeza poda kidogo sana. Siku hizi kuna mtindo wa kulundika poda nyingi chini ya macho na kuiacha dakika kadhaa kabla ya kuipangusa. Wenyewe wanaita kuoka. Mtindo huo ulitumiwa na wasanii wa jukwaani, ambao hutazamwa kwa mbali chini ya taa kali. Kwa mtu wa ofisini mwenye ngozi kavu, ifikapo saa sita mchana poda hiyo imepasuka kama tope la mbugani wakati wa kiangazi.

Ukimaliza, chukua brashi kubwa laini upanguse unga uliobaki, ukielekea chini. Uso una malaika, vile vinyweleo vidogo ambavyo kwa kawaida hulala kuelekea chini. Ukipangusa kwenda juu unavisimamisha, navyo hubeba poda na kuonekana kama vumbi. Shuka na brashi hiyo hiyo mpaka shingoni. Subiri dakika mbili au tatu, nenda dirishani, ndipo uamue kama kuna mahali panapohitaji kuongezwa. Kidogo kidogo hujaza kibaba. Poda kuongeza ni rahisi. Kuipunguza ni kazi.

Na kama ni siku ya shughuli, mwombe mtu akupige picha kwa simu, ndani ya chumba, taa ya simu ikiwa imewaka. Fanya hivyo kabla ya kuvaa gauni. Ukiona majivu, bado una muda wa kunawa na kuanza upya. Jambo hili la dakika moja ndilo lililotushinda sisi siku ile.

Mchana jasho likija, usikimbilie poda. Poda juu ya jasho huwa ugali. Futa kwanza kwa kubonyeza tishu au leso safi, acha pakauke, ndipo uguse kidogo mahali panapong'aa tu.

Kabla sijamaliza, niseme machache ya afya. Unga unaopeperuka huvutwa puani. Usijipulizie wingu la poda usoni. Bonyeza kwa pafu na ufunge mdomo. Ukiwa na mtoto mchanga, usimpake poda ya aina hii, na kikopo kiwe mbali naye. Talki nayo, huko inakochimbwa, huweza kukutwa pamoja na asibesto, madini yanayosababisha saratani, na ndiyo maana usafi wa talki hupimwa. Mwaka 2024 shirika la utafiti wa saratani lililo chini ya Shirika la Afya Duniani liliiweka talki katika kundi la vitu ambavyo huenda vinasababisha saratani kwa binadamu. Sisemi haya ili mtu atupe poda yake leo. Nasema tusome maandishi ya kwenye kikopo. Kama hayataji viambato wala mtengenezaji, au poda imepimwa kwa kijiko kutoka kwenye mfuko, iache hapo hapo, hata iwe rahisi namna gani. Hapa Tanzania, tangu mwaka 2019, udhibiti wa ubora wa vipodozi uko chini ya Shirika la Viwango, TBS.

Pafu lioshwe kwa sabuni walau mara moja kwa wiki na likauke vizuri, kwa sababu hunywa mafuta na jasho, na baadhi ya chunusi tunazozilaumu kwa poda huenda zinatokana na pafu chafu. Usiazimane pafu, hata na dada yako wa damu. Na usiku, hata ukiwa umechoka vipi, nawa kabla ya kulala.

Bibi zetu wa pwani walikuwa wakisaga liwa kwenye jiwe, wakajipaka usoni, ikikauka wanaiosha. Waliipaka ili ngozi yao wenyewe ipendeze baada ya kuosha. Nadhani walikuwa na akili kuliko sisi tunaotumia fedha ili tusijulikane kwenye picha zetu.

Binti yetu sasa ni mama wa watoto wawili. Juzi alikuja kunisalimia, akakaa barazani, jua la jioni likimpiga usoni. Hakuwa amejipaka kitu. Nikasema moyoni, laiti mpiga picha yule angekuwepo sasa hivi, na mama angekuwepo.

Akina dada, akina mama, na hata akina baba mnaolipia saluni, tujipambe, tena tujipambe sana. Ila picha ikija, mtu atambulike ni mtoto wa nani.

Tukutane tena wiki ijayo, panapo majaliwa.