Lennart Meri: Mpiga Senema Aliyekuwa Rais

Kando ya Bahari ya Baltiki iko nchi ndogo ya Estonia, ambayo wakazi wake hawatimii milioni moja na nusu, na lugha yake haina nasaba na Kirusi wala Kijerumani, lugha za wakubwa walioitawala kwa zamu, bali ni ndugu wa Kifini, na kwa mbali ni jamaa wa Kihungaria na wa lugha za makabila machache yaliyotawanyika katika misitu na nyanda za baridi hata kufika Siberia. Ukoo huo wa lugha ndimo Lennart Meri alimochota senema zake, na kwa itikadi yangu ndimo alimochota siasa yake pia.

Alizaliwa Tallinn tarehe 29 Machi 1929. Baba yake, Georg Meri, alikuwa mwanadiplomasia aliyezifasiri tamthilia za Shakespeare kwa Kiestonia, na kwa kuwa kazi ilimhamisha huku na huku, mtoto alipitia shule tisa na kusomeshwa kwa lugha nne. Neema hiyo ilikatika Juni 1941, Wasovieti walipokwisha kuitwaa nchi: aila nzima ilipelekwa Siberia, baba akatengwa na mkewe na wanawe, na Lennart, kijana wa miaka 12, akawa anamenya viazi na kuongoza magogo yaeleayo mtoni ili wapate riziki. Walisalimika wakarejea, naye akahitimu elimu ya historia katika Chuo Kikuu cha Tartu mwaka 1953. Lakini watawala hawakumruhusu kuishika kazi hiyo, basi akaajiriwa katika jumba la michezo ya kuigiza la Vanemuine, kisha katika redio.

Aliyezuiwa kuyaandika mambo ya kale ya taifa lake aliazimu kuyafuata kule yalikokuwa yangali hai. Alisafiri na kamera hadi kwa Wanenets, Wakhanty, Wakomi na Wamari, akatoa mwaka 1970 filamu ya Veelinnurahvas, yaani watu wa ndege wa majini, ambamo wamo pia Wakamassi, ambao msemaji wa mwisho wa lugha yao alifariki mwaka 1989. Iliyofuata, Linnutee tuuled ya mwaka 1977, ilipigwa marufuku katika Muungano wa Kisovieti, ilhali huko New York ilitunukiwa nishani ya fedha. Mwaka huo huo, katika rasi ya Taimyr, aliipiga picha ibada ya Demnime, mganga wa Wanganasan. Picha hizo zilikuja kutolewa kuwa filamu mwaka 1997, mwenyewe akiwa Rais.

Kuwaonyesha watu wachache wakivua, wakiimba na kuabudu kwa lugha yao, katika dola iliyotaka wote wawe wa namna moja, ilikuwa ni hoja ya siasa iliyo dhahiri shahiri, na waliopiga marufuku waliielewa vyema.

Alipokuwa Waziri wa Mambo ya Nje mwaka 1990, nchi yake ilikuwa haijarudishiwa uhuru wake; uliporejea, Agosti 1991, alikuwa tayari amekwisha kuizoeza dunia kulisikia jina la Estonia. Katika kura ya urais ya mwaka 1992 alikuwa wa pili nyuma ya Arnold Rüütel, lakini kwa kuwa hakuna aliyepata nusu ya kura, shauri lilikwenda Bungeni, na Bunge likamchagua yeye. Kazi yake kubwa ilikuwa kuyaondoa majeshi ya Urusi: Julai 1994 alikwenda Moscow akapatana na Boris Yeltsin, akikubali maofisa wastaafu wa jeshi hilo wapewe dhamana ya kuishi Estonia, jambo lililolaumiwa sana nyumbani, na tarehe 31 Agosti askari wakawa wameondoka. Mimi naona alifanya sawa.

Hakuwa mtu wa kujikweza. Mwaka 1997, akirejea kutoka Japani, aliwaongoza waandishi wa magazeti hadi msalani mwa uwanja wa ndege wa Tallinn, akazungumza nao humo humo, wayaone kwa macho yao mazingira machafu anayopokewa nayo mgeni.

Aliondoka madarakani mwaka 2001, akafariki tarehe 14 Machi 2006, na tangu 2009 uwanja ule unaitwa kwa jina lake. Msomaji atakayebahatika kuziona filamu zake na aanze na ile ya mwaka 1970.