Isaac Nabwana wa Wakaliga
Katika mtaa wa Wakaliga, mjini Kampala, anaishi Bwana Isaac Nabwana, aliyekuwa mfyatua matofali kabla ya kushika kamera, na ambaye hutunga kisa, huelekeza waigizaji, hupiga picha na kuzihariri mwenyewe kwa kompyuta alizoziunga kwa vipuri vikuukuu. Filamu yake mashuhuri, Who Killed Captain Alex? ya mwaka 2010, ilibidi aifute apate nafasi ya kazi iliyofuata, ikasalimika tu nakala yenye sauti ya mshereheshaji anayesimulia juu ya picha. Hasara kubwa hiyo, kwa rai yangu. Bunduki za filamu zake ni vyuma chakavu. Damu, zamani ya ng'ombe, sasa ni rangi ya chakula. Na waigizaji wenyewe huzunguka nyumba kwa nyumba wakiuza nakala, kabla wezi wa filamu hawajawatangulia.