Udongo mwekundu wa Rurambo: chuma kinapokamata mbolea

“DAP tulinunua, tukaweka, na mahindi bado yana majani ya zambarau. Sasa ile mbolea imekwenda wapi?” Hilo swali tunaulizwa kila musimu na wanamemba wa koperative kule Rurambo. Jibu letu: haikwenda mbali. Iko mu shamba, lakini imefungwa.

Udongo wa mulimani ni mwekundu juu ya chuma kilichomo, tena una asidi nyingi. Mu udongo wa namna hiyo fosfori ya DAP inashikana na chuma, inakuwa fosfati ya chuma. Hiyo haiyeyuki vizuri mu maji, na mizizi hunywa tu kile kilichoyeyuka. Mfuko wa DAP wa kilo 50 una fosfori kilo 10 hivi; mu musimu wa kwanza mimea inapata sehemu ndogo tu. Kuongeza mfuko wa pili bila kutengeneza udongo ni kutupa franga.

Tunawashauri hivi:

Kwanza, mwageni chokaa ya kilimo ao majivu majuma 2 ao 3 mbele ya kupanda, muchanganye na udongo. Asidi ikipungua, chuma kinaachilia.

Pili, leteni samadi iliyooza, ao majani ya tithonia, ile yenye maua ya njano kando ya njia. Yakioza yanazuia chuma kukamata fosfori yote. Samadi na chokaa musiziweke siku moja: azoti itapotea hewani.

Tatu, musimwage DAP shamba zima. Kwa kila shimo la mahindi, wekeni kifuniko kimoja cha chupa ya soda, mufunike na udongo kidogo, ndipo muweke mbegu, isiungue.

Je, fosfati ya chuma ni sumu? Mu udongo haimdhuru mutu. Kuna hata chambo cha konokono kinachotengenezwa nayo, na kinakubaliwa katika kilimo bila kemikali kali. Cha kuogopa ni vumbi la chokaa: linaunguza macho. Fungeni kitambaa puani, munawe mikono. DAP nayo isilale pamoja na chakula.

Musimu A ukianza mu Septemba, kila koperative ijaribu: mistari 5 yenye chokaa na samadi, mistari 5 bila, DAP ileile pande zote. Mukivuna, pimeni kila upande peke yake. Mizani ndiyo itasema.