Nafasi ya chuo: mahakama huangalia nini?

Kila kiangazi, matokeo yakitoka, Manah nzima huulizana: "Mtoto kapata chuo gani?" Mtoto akikosa kozi aliyoitaka, na alama zake anaziona nzuri, hapakosi mtu wa kusema: "Twendeni mahakamani!"

Kabla ya kwenda, tuelewe kwanza kazi ya mahakama.

Hapa Omani, tangu 2006 nafasi nyingi hugaiwa na Markaz al-Qabul al-Muwahhad. Mwanafunzi hupanga machaguo yake, na kompyuta humpa nafasi kwa kulinganisha alama zake na za wenzake. Basi kufikisha alama ya chini ya kozi ni ruhusa ya kushindana tu. Ukipitwa na wenzako wenye alama kubwa zaidi, hujadhulumiwa.

Lakini utaratibu ukivunjwa je? Hapo sheria ina mlango. Mwaka 1999 Omani ilianzisha Mahakama ya Utawala kwa kesi baina ya mtu na ofisi ya serikali, na mageuzi ya 2022 yaliiweka pamoja na mahakama nyengine chini ya baraza moja. Lakini mlango wa mwanzo ni ofisi yenyewe iliyotoa uamuzi. Unaipelekea malalamiko kwa maandishi, na muda wake ni mfupi.

Jaji naye hasahihishi mitihani. Tazameni India, ambako majirani zetu wengi hupeleka watoto kusomea udaktari. Tarehe 5 Mei 2024 zaidi ya watahiniwa milioni 2.3 walifanya mtihani wa NEET. Watahiniwa 1,563 walipewa alama za ziada kwa sababu muda wao ulipotea. Wenzao wakalalamika, na kesi ikafika Mahakama Kuu kabisa ya nchi. Alama zile zikafutwa, na wale 1,563 wakapewa nafasi ya kurudia mtihani. Swali moja la fizikia nalo lilizua ubishi, na majaji hawakulijibu wenyewe. Waliagiza wataalamu watatu walitazame. Mwishoni, tarehe 23 Julai, mahakama ilikataa kuufuta mtihani mzima. Ilikubali kwamba mtihani ulivuja katika baadhi ya maeneo, lakini haukuwepo ushahidi kwamba uliharibika nchi nzima.

Kenya, mwaka 2011, serikali iligawa nafasi za skuli za sekondari za taifa kwa kufuata idadi ya watahiniwa wa skuli za umma na za binafsi. Watu wa upande wa skuli za binafsi walishtaki, wakisema watoto wao wanabaguliwa. Mahakama Kuu ikawakatalia. Iliona kuwa kumfungulia mlango mtoto wa skuli ya umma si ubaguzi uliokatazwa.

Kwa hiyo jaji huuliza: kanuni hii ni halali? Imefuatwa? Imewagusa wote sawasawa? Hata ukishinda, mara nyingi ofisi huambiwa ilitazame upya ombi lako. Nafasi yenyewe inaweza isiwe yako bado.

Wahenga wamesema mali bila daftari hupotea bila habari, na nafasi ya chuo ni mali. Mwanangu, siku ya kupanga machaguo, piga picha ya skrini, chapisha karatasi, andika tarehe. Mzazi, kaa naye msome masharti ya kozi pamoja, moja moja. Jaji atataka kuona karatasi. Machozi yetu hayatamsaidia kuamua.

Maneno ya wiki
Udahili: kupokewa rasmi chuoni.
Kigezo: kipimo cha kuchagulia.
Mlalamikaji: anayedai haki yake.

Swali la nyumbani: ungekuwa jaji wa kesi ya Kenya, ungeamuaje? Jibu kwa sentensi tano, na uje nazo darasani.